Alama za Kizuizini Usukumani

Katika mbuga za Shinyanga, ua wa minyaa huishi kuliko nyumba. Ng'ombe hawaugusi kwa sababu ya utomvu wake, na kiangazi hakiumalizi. Ndiyo maana unaweza kukuta mistari yake imekunja kona nne mahali pasipo na ukuta, jiko wala zizi. Hayo ni mahame. Baadhi yaliachwa na watu waliohama kwa hiari wakifuata malisho na ardhi mpya, kama Wasukuma walivyofanya tangu zamani. Mengine yana mwaka wake: 1974, pale Serikali ilipowahamisha watu wa mkoa huu kwa amri.

Nairobi wana Nyayo House, ghorofa ambalo vyumba vyake vya chini vilifunguliwa kwa umma Februari 2003, wiki chache baada ya Daniel arap Moi kuondoka madarakani, wananchi wakaona walimoteswa wapinzani wa miaka ya 1980. Kampala wana vyumba vya zege ndani ya kasri la Lubiri, Mengo, vilivyotumiwa na watu wa Idi Amin. Shinyanga na Geita hazina jengo la kuonyesha wageni namna hiyo. Huku kizuizini hakikujengewa nyumba yake. Kilitumia majengo ya kawaida ya utawala: boma, baraza la mtemi, kituo cha polisi, gereza la wilaya. Yalipopakwa chokaa na kubadilishiwa bendera, yaliendelea na kazi.

Kwa hiyo anayetafuta alama za kifungo cha kisiasa katika nchi hii ya pamba, almasi na dhahabu lazima asome ardhi, vitabu vya sheria na kumbukumbu za viongozi waliojiuzulu kwa pamoja. Akifanya hivyo ataona kwamba madaraka ya kumfungia mtu bila kumfikisha kwa hakimu hayakuletwa na chama kimoja. Yalirithiwa. Yalitoka kwa gavana yakaenda kwa rais, kisha yakateremka mpaka kwa askari wa zamu, na kila aliyeyapokea aliyakuta yamekwisha kuzoeleka.

Hamsa ishirini na wino wa 1921

Wajerumani walifika ziwani mwanzoni mwa miaka ya 1890 wakaifanya Mwanza kituo chao. Utawala wao uliacha midomoni mwa wazee maneno mawili: mnyororo na hamsa ishirini, yaani viboko ishirini na vitano. Mtemi aliyechelewesha kodi au vibarua aliweza kuvuliwa utemi, na kiti chake akapewa ndugu mtiifu zaidi. Waingereza walipoiteka Mwanza Julai 1916, wenyeji walibadilishiwa bwana, boma likabaki lilelile.

Mabwana wapya walipenda karatasi. Mwaka 1921 walitunga sheria iliyomruhusu gavana kuamuru mtu ang'olewe sehemu moja ya Tanganyika na kupelekwa nyingine, akae huko, kwa sababu tu mwenendo wake ulionekana kuhatarisha amani. Haikudai kesi wala hukumu. Msomaji aikumbuke sheria hiyo, maana tutakutana nayo tena Mwanza baada ya miaka 67.

Mwaka 1926 Gavana Donald Cameron alileta utawala wa kupitia machifu. Mtemi alipewa hazina, karani, matarishi, mahakama na chumba cha kuwekea watu. Chini yake walikuwa banangwa, wakuu wa vijiji. Kwa mkulima wa Shinyanga, serikali ikawa ni mwanangwa na tarishi. Bwana Diisii, yaani mkuu wa wilaya, alionekana kwa nadra, akiwa safarini.

Badiliko hilo lilikuwa kubwa kuliko linavyosimuliwa. Zamani mtemi katili aliadhibiwa kwa miguu: watu walifunga mizigo yao, wakaswaga mifugo na kuhamia kwa mtemi mwingine, wakamwachia nchi tupu. Mtemi wa Cameron alilipwa mshahara na boma. Raia wakihama, mshahara haukuhama nao. Tangu hapo aliwaogopa waliokuwa juu yake kuliko waliokuwa chini.

Reli ya kutoka Tabora ilifika Mwanza mwaka 1928, na mji wa Shinyanga ukakua kandokando yake, huku Shinyanga ya Kale ikibaki makao ya utafiti wa mbung'o chini ya Charles Swynnerton. Ili kuwafukuza mbung'o, maelfu ya watu waliitwa na watemi wao kufyeka vichaka na miti. Kazi ilifanikiwa. Ng'ombe wakaongezeka, pamba ikaenea, na nchi ikabaki wazi bila kuni. Ukosefu huo wa kuni utakuja kuua watu, ingawa hakuna aliyeweza kuubashiri wakati ule.

Matuta ya lazima, 1947–1954

Baada ya Vita Kuu ya Pili, Waingereza walianzisha Mpango wa Maendeleo ya Usukuma, makao yake Malya. Walitaka kuzuia mmomonyoko, kupunguza mifugo na kuwahamishia watu Geita, ng'ambo ya Ghuba ya Mwanza, ambako ardhi ilikuwa imefunguliwa. Geita yenyewe ilikuwa tayari na mgodi wa dhahabu ulioanza mwaka 1936, mkubwa kuliko yote Tanganyika wakati huo.

Amri zilimiminika: lima kwa matuta, yafunge matuta hayo, panda mihogo ya akiba, ng'oa na kuchoma miti ya pamba baada ya mavuno, lipa kodi ya mifugo, punguza ng'ombe. Kila amri ilikuwa na faini yake au kifungo chake, na aliyehukumu alikuwa baraza la mtemi, ambalo ndilo lililotangaza amri. Maelfu ya wakulima walipitishwa humo.

Tuwe wakweli: mabwana shamba hawakukosea kuhusu udongo. Mvua ya Usukuma hunyesha kwa hasira na hubeba rutuba nayo, na tuta lililofungwa huzuia maji yasikimbie. Kosa lao lilikuwa kuamini kwamba jambo likiwa jema halihitaji ridhaa. Hapo ndipo kifungo cha kisiasa kilipoanza katika nchi hii, kikiwa na sura isiyofanana kabisa na siasa. Aliyekaa mahabusu hakuwa ametoa hotuba. Alikuwa hajafunga matuta. Lakini alikaa kwa sababu hakutii mamlaka ambayo hakuichagua na ambayo hakuwa na mahali pa kuibishia, na watu wa aina yake ndio walioijaza mikutano ya TANU baadaye. Sheria hizo zilipolegezwa mwishoni mwa miaka ya 1950, wengi waliyaacha matuta pamoja na faida yake.

Katikati ya haya alisimama kijana mmoja wa Busiya, David Kidaha Makwaia, mtemi aliyesoma Makerere na Oxford. Mwaka 1945 yeye na Abdiel Shangali wa Machame walikuwa Waafrika wa kwanza kuteuliwa katika Baraza la Kutunga Sheria la Tanganyika. Waingereza walimwona kama kiongozi wa kesho. Mambo yaligeuka, na tutamkuta baadaye Tunduru.

Geita, 1958

TANU ilizaliwa Dar es Salaam tarehe 7 Julai 1954. Miongoni mwa waasisi wake 17 alikuwamo Saadani Abdu Kandoro, mshairi na mwanasiasa aliyekuwa amefanya kazi ya TAA, chama kilichoitangulia TANU, huko Mwanza. Jimbo la Ziwa lilikuwa limechemka kabla ya majimbo mengi, kwa sababu wakulima wa pamba walikuwa wamekwisha kujipanga katika ushirika chini ya Paul Bomani. Serikali iliona mapema hatari ya pamba na siasa kukutana. Kabla mwaka haujakwisha, TANU ilinyimwa ruhusa ya kufanya kazi katika jimbo hilo, na katazo likadumu hadi 1958. Chama kilichokuwa halali Dar es Salaam kilikuwa haramu Mwanza, Shinyanga na Geita. Mtu alipanda treni Tabora akiwa mwanachama na kushuka Shinyanga akiwa mtuhumiwa.

Katazo lilifanya kazi ambayo TANU yenyewe isingeiweza: liliihamishia siasa ndani ya ushirika, kwenye mizani ya pamba, ambako kila mkulima alilazimika kupita.

Ndipo serikali ilipoleta baraza la wilaya la watu wa rangi zote huko Geita. Kwa maofisa wa Gavana Edward Twining, hilo lilikuwa jambo la kisasa: Waafrika, Wazungu na Waasia wakae meza moja. Kwa watu wa Geita lilikuwa jambo jingine. Wengi wao walikuwa wahamiaji waliotoka sehemu nyingine za Usukuma kufuata ardhi. Hawakuwa na utii wa kiasili kwa watemi wa Uzinza waliowakuta huko. Walikuwa wameuona mgodi ukikaa vilimani mwao na kujua nani anapata nini. Mzungu akipewa kiti katika baraza linaloamua mambo ya ardhi, waliuliza, atakuja na kiti peke yake?

Walikataa. Walikusanyika, wakaandika malalamiko, wakagoma kuwasikiliza watemi. Viongozi wao walipokamatwa, mikusanyiko ilizidi. Katikati ya mwaka 1958 mamia ya watu walifunga safari hadi Mwanza kumwona Kamishna wa Jimbo ana kwa ana. Tangu Juni 2025 Daraja la JPM kati ya Kigongo na Busisi, lenye urefu wa kilomita 3, linavuka Ghuba ya Mwanza na gari hulimaliza kwa dakika chache. Msafara wa 1958 ulitegemea miguu na vyombo vya majini. Walipofika walikataa kurudi bila jibu. Jibu lilikuwa virungu na mabomu ya machozi, na kwa waliotajwa kuwa vinara, gereza.

Wakati huohuo Dar es Salaam, Julius Nyerere alikuwa kizimbani. Gazeti dogo la chama, Sauti ya TANU, lilikuwa limewashutumu wakuu wa wilaya za Songea na Musoma kwa kuonea watu, na serikali ikaliita neno hilo kashfa ya jinai. Agosti 1958 alitiwa hatiani, akapewa uchaguzi wa faini ya shilingi 3,000 au kifungo cha miezi sita. Faini ililipwa. Gavana mpya, Richard Turnbull, aliyekuwa na mwezi mmoja tu kazini, aliepuka kuwa na mfungwa ambaye nchi nzima ingemfuata hadi mlangoni mwa gereza.

Kabla ya mwaka kwisha serikali iliacha mpango wa baraza la Geita, na katazo la TANU katika Jimbo la Ziwa likaondolewa. Vitabu vya shule husimulia mwaka 1958 kwa Uamuzi wa Busara wa mkutano wa TANU Tabora. Ni haki yake. Lakini Tabora viongozi walipiga kura. Geita raia walikwenda kulipia. Nadhani sehemu ya sababu ya Geita kusahauliwa ni kwamba haikuwa na shujaa mmoja wa kuwekewa sanamu.

Sheria Namba 60

Uhuru ulikuja tarehe 9 Desemba 1961. Mwezi uliofuata Nyerere alijiuzulu uwaziri mkuu ili akijenge chama, na Rashidi Kawawa akashika nafasi yake. Katika mwaka huo wa Kawawa, 1962, Bunge lilipitisha Sheria Namba 60, ya kuwaweka watu kizuizini. Ghana ya Kwame Nkrumah ilikuwa na sheria ya namna hiyo tangu 1958.

Tuitazame kwa karibu, maana ndiyo iliyobeba mengi yaliyofuata. Rais akiridhika kwamba mwenendo wa mtu unahatarisha amani na utulivu, anaweza kuamuru awekwe ndani. Mzuiliwa ataelezwa sababu ndani ya siku 15. Kutakuwa na kamati ya ushauri ya kuyapitia mashauri, lakini Rais hafungwi na ushauri wake. Amri ya Rais haihojiwi mahakamani. Hakuna kikomo cha muda. Na ile sheria ya gavana ya 1921, ya kumng'oa mtu kwao, haikufutwa. Neno la gavana lilipisha neno la Rais, mengine yakabaki.

Zote mbili zilianza kutumika upesi. Mwanzoni mwa 1963 Victor Mkello, rais wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi, alipelekwa kukaa Sumbawanga. Januari 1964, baada ya maasi ya wanajeshi, viongozi wengi wa vyama vya wafanyakazi waliwekwa ndani na shirikisho lao likavunjwa.

Utemi ulifutwa kisheria mwaka 1963. Kidaha Makwaia, aliyekuwa amekwisha kuuacha utemi kabla ya uhuru, alipelekwa Tunduru, kusini kabisa, mbali na Busiya kadiri ramani inavyoruhusu. Mtu aliyekuwa amekaa katika Baraza la Kutunga Sheria alihamishwa kwa njia ileile ambayo wakoloni walikuwa wakimhamishia mtemi mkaidi. Ukoo wa Makwaia umeutunza ukumbi wao Ukenyenge, ambayo sasa imo Wilaya ya Kishapu, na mgeni anaweza kuona ngoma na viti vya enzi. Ni moja ya sehemu chache katika mkoa ambapo historia ya utawala imehifadhiwa na wenyewe bila kuandikwa na aliyeshinda.

Kulikuwa pia na adhabu isiyohitaji selo. Oktoba 1968 Halmashauri Kuu ya TANU iliwafukuza wanachama kadhaa, na waliokuwa wabunge wakapoteza ubunge wao. Mmoja alikuwa Fortunatus Masha wa Geita. Mwingine alikuwa Joseph Kasella-Bantu wa Nzega, jirani na Shinyanga, ambaye alikuwa miongoni mwa waasisi 17 wa 1954. Miaka 14 ilitosha kumtoa mtu katika orodha ya waasisi na kumtia katika orodha ya wasaliti. Mgodi wa Geita nao ulikuwa umefungwa mwaka 1966, kwa hiyo sauti ya wachimbaji haikusikika tena mpaka dhahabu ilipogunduliwa na wachimbaji wadogo kizazi kilichofuata.

Je, huo ulikuwa udikteta? Mwalimu mwenyewe alikiri hadharani kwamba Katiba ilimpa madaraka ya kumtosha kuwa dikteta. Alijivunia kutoyatumia yote. Ni kweli hakuwa Amin, na atakayemlinganisha naye anawatukana waliokufa Uganda. Lakini madaraka yakiachwa mezani yatachukuliwa na mtu mwingine, na Usukuma ndiko tulikojua gharama yake.

Macho mekundu, 1974–1976

Mwaka 1974 ilikuja Operesheni ya vijiji. Wasukuma walikuwa wakiishi mbalimbali, kila kaya na mashamba yake, na nafasi hiyo ilikuwa pia njia ya kuishi na jirani usiyempenda: unamwepuka. Sasa waliamriwa wajipange kandokando ya barabara, mlango kwa mlango. Juma Mwapachu, aliyefanya kazi Shinyanga wakati huo, aliandika juu ya operesheni hiyo mapema kuliko wengi, akiwa ndani ya serikali yenyewe. Kasi ilikuwa ya kijeshi. Waliokawia walikuta nyumba zimeezuliwa.

Mifugo ikibanana huambukizana. Ndama wakifa katika kijiji kipya, mtoto wa jirani akiugua, mtu huuliza nani kafanya. Na macho yakageukia kwa vikongwe. Hapa ndipo tunarudi kwa miti iliyofyekwa wakati wa Swynnerton. Nchi isiyo na kuni hupikia mavi ya ng'ombe, na moshi wake hushambulia macho. Bibi aliyepikia miaka 40 juu ya moto huo alizeeka na macho mekundu, na macho mekundu yakasomwa kuwa alama ya uchawi. Mwanamke aliadhibiwa kwa kosa la jiko lake.

Mtafiti Simeon Mesaki, aliyechambua takwimu za serikali, ameonyesha kwamba kati ya 1970 na 1984 zaidi ya watu 3,600 waliuawa Tanzania Bara kwa tuhuma za uchawi. Wengi walikuwa wanawake, na Usukuma ndiyo iliyobeba sehemu kubwa kuliko eneo lolote. Wauaji walikuja usiku, kwa mapanga, mara nyingi kwa kukodiwa. Mashahidi hawakupatikana. Mahakama zilihitaji ushahidi. Kijiji kilichojua kila kitu kilikaa kimya.

Serikali ilipaswa kufanya kitu, na hapo hakuna wa kuilaumu. Mwaka 1976 maofisa wa polisi na wa Usalama wa Taifa waliunganishwa katika operesheni ya kukomesha mauaji Shinyanga na Mwanza, ambayo wakati huo ilijumuisha Geita. Watu walikamatwa kwa mamia, wakiwamo waliotajwa kuwa wauaji, waganga, na waliotajwa tu. Walishikiliwa bila kufikishwa kwa hakimu. Mbinu ya kupata ushahidi ikawa maumivu. Walipigwa na kuteswa ili wakiri na wawataje wengine, na wale waliotajwa wakaletwa wakateswa nao. Baadhi walifia mikononi mwa waliowashika.

Ni vizuri kuelewa jinsi jambo hilo lilivyowezekana, kwa sababu hakuna aliyetoa amri ya kuua. Kwa miaka 14 nchi ilikuwa imezoea kwamba mtu anaweza kuwa ndani na hakimu asijue. Sheria ilimpa Rais uwezo huo kwa maandishi na kwa sahihi yake. Ofisa wa mkoani hakuwa na sahihi ya Rais, lakini alikuwa na mazoea. Alijua kwamba hakuna wakili atakayegonga mlango, hakuna gazeti litakaloandika na hakuna mbunge atakayeuliza. Mwaka huohuo wa 1976 ilitungwa Sheria ya Magazeti, iliyompa waziri uwezo wa kufungia gazeti.

Na waliokamatwa hawakuwa watu wa kupendwa. Nani angewatetea wauaji wa bibi zetu? Swali hilo ndilo lililofungua mlango. Anayeteswa kwanza huwa ni yule ambaye umma hauna huruma naye.

Januari 1977

Habari zilifika Dar es Salaam. Januari 1977 Waziri wa Mambo ya Ndani, Ali Hassan Mwinyi, alijiuzulu. Alijiuzulu pia Peter Siyovelwa, Waziri wa Nchi aliyesimamia usalama, pamoja na wakuu wa mikoa miwili: Peter Kisumo wa Mwanza na Marco Mabawa wa Shinyanga. Mwinyi hakuwa amempiga mtu wala hakuwa Shinyanga. Alisema jambo limetendwa na watu walio chini ya wizara yake, basi ni lake. Nyerere alikubali.

Kwa Afrika ya mwaka 1977 lilikuwa jambo la kushangaza. Ng'ambo ya mpaka, Amin aliua wengi zaidi bila waziri hata mmoja kuwajibika. Hapa serikali ya chama kimoja, bila upinzani wala gazeti huru la kuisukuma, iliwaachia mawaziri wawili na wakuu wa mikoa wawili waende. Baadaye maofisa wa polisi na usalama walifikishwa mahakamani, wakatiwa hatiani na kufungwa. Anayesimulia kipindi hiki bila kuyataja hayo hasemi kweli.

Wiki chache baadaye, tarehe 5 Februari, TANU na ASP ya Zanzibar ziliungana kuwa CCM, na nchi ikaimba. Mwinyi alipelekwa balozi Misri. Mwaka 1984 akawa Rais wa Zanzibar, na mwaka 1985 Rais wa Muungano. Mpaka alipofariki Februari 2024, kila waziri aliyebanwa Tanzania alikumbushwa mfano wake, na neno kuwajibika likamshika kama jina la pili. Alistahili sifa hizo.

Lakini tazama kilichotokea kwa kumbukumbu. Mtoto wa shule anaweza kukutajia aliyejiuzulu. Hawezi kukutajia hata mmoja wa waliokufa. Majina yao yalibaki katika majalada ya mahakama na katika kaya zao, ambako kifo cha mtu aliyetuhumiwa mauaji hakizungumzwi mbele ya wageni. Tukio likageuka hadithi ya heshima ya kiongozi. Wahanga wakawa sababu tu ya barua.

Baada ya hapo

Polisi waliobaki walijifunza somo ambalo halikukusudiwa: kutofanya kitu ni salama zaidi. Wizi wa ng'ombe na mauaji viliendelea, na baada ya Vita vya Kagera bunduki zikaongezeka vijijini. Mwanzoni mwa miaka ya 1980, upande wa Kahama na Nzega, wanavijiji walianzisha Sungusungu, wenye mishale, filimbi na viongozi waliopewa vyeo vya zamani kama mtemi na katikiro. Walikamata, walihoji, walitoza, na aliyekaidi walimtenga na kijiji kizima. Nyerere aliwaunga mkono, na mwaka 1989 sheria ikawapa uwezo wa kukamata. Hivyo madaraka yaliyoanza kwa gavana yalifika kwenye kivuli cha mwembe. Vijiji vingi vilishukuru, na vilikuwa na sababu. Hata hivyo aliyetuhumiwa bado hakuwa na wakili.

Sheria nazo zilianza kuguswa. Haki za binadamu ziliingizwa katika Katiba mwaka 1984, lakini Serikali ikajipa muda, na wananchi wakaruhusiwa kuzidai mahakamani kuanzia Machi 1988 tu. Mwaka huohuo shauri la mtu aliyekuwa katika Gereza la Musoma lilifika Mahakama Kuu, Mwanza, mbele ya Jaji James Mwalusanya. Aliyekuwa ndani alishikiliwa kwa sheria ya 1921. Jaji aliitamka kuwa batili kwa kukiuka Katiba. Kwa hiyo sheria iliyotungwa na Waingereza ilikuwa bado inafunga watu Kanda ya Ziwa miaka 27 baada ya bendera kushushwa.

Dhahabu ilirudi, na migogoro ikarudi nayo. Agosti 1996 wachimbaji wadogo waliondolewa Bulyanhulu, wilaya ya Kahama wakati huo. Wanaharakati walidai kwamba kuna waliofukiwa mashimoni wakiwa hai. Serikali na kampuni zilikanusha. Mwaka 2002 mawakili Rugemeleza Nshala na Tundu Lissu, pamoja na mwanasiasa Augustine Mrema, walishitakiwa kwa uchochezi kwa kulisema jambo hilo. Mashimo ndiyo yaliyodaiwa kuwa ushahidi, na walioomba yachunguzwe ndio waliosimama kizimbani.

Ile Sheria Namba 60 ya 1962, je? Ilirekebishwa mwaka 1985. Tume ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, iliyoundwa 1991 kuangalia mfumo wa vyama, iliitaja katika orodha ya sheria 40 kandamizi za kufutwa au kurekebishwa. Vyama vingi vilirudi mwaka 1992. Sheria za Tanzania zilipochapishwa upya katika toleo la mwaka 2002, ilikuwamo, Sura ya 361.